Namna ya kubadili gia katika lori zito: kwa madereva wa barabara za Dodoma na Singida

Dereva aliyezoea Canter au Fuso ndogo anapokabidhiwa kwa mara ya kwanza semi-trela iliyosheheni mahindi ya Kibaigwa au alizeti ya Singida, kinachomsumbua mapema si urefu wa tela wala usukani, bali giaboksi. Katika gari dogo mkono unasukuma liva na gia inaingia, kwa kuwa ndani ya giaboksi mna ringi zinazosawazisha mwendo wa meno kabla hayajaumana. Katika malori mengi mazito hali ni tofauti. Giaboksi za Fuller zilizomo katika malori ya Kimarekani kama Freightliner na International, pamoja na baadhi ya giaboksi zinazofungwa katika malori ya Kichina, hazina ringi hizo katika gia zake kuu, na kazi ya kusawazisha mwendo imeachiwa mguu na sikio la dereva. Scania, Volvo na Mercedes-Benz zenye gia za mkono kwa kawaida zina ringi, lakini ringi hizo hubeba kazi kubwa kila liva inaposukumwa kwa pupa, na zikishakwisha, lori lililotoka Ulaya nalo huanza kusaga meno sawasawa na lile lisilokuwa nazo.

Kwa sababu hiyo, yote yatakayoelezwa hapa yamejengwa juu ya kanuni moja: gia haiingizwi kwa nguvu ya mkono, bali huingia pale mizunguko ya injini inapolingana na mwendo wa magurudumu. Dereva anayeielewa kanuni hii kabla hajashika liva atajifunza kwa muda mfupi mambo ambayo wengine wameyapata baada ya kuua giaboksi za watu, na zaidi ya hapo, ataelewa kwa nini gia ya kuteremkia mlima huchaguliwa kileleni na si katikati ya mteremko.

Kinachotendeka ndani ya giaboksi

Nguvu ya injini hupita kwenye klachi, huingia katika shafti za giaboksi, hupokelewa na meno ya gia iliyochaguliwa, kisha hutoka kwa propela shafti hadi kwenye difu na magurudumu. Lori likiwa mwendoni, upande wa nyuma wa giaboksi hauna hiari: unazunguka kwa kasi inayoamriwa na magurudumu, uwe umekanyaga klachi au hukukanyaga. Upande wa mbele ndio unaoweza kuharakishwa au kupunguzwa kasi, na anayefanya hivyo ni dereva kwa pedeli ya mafuta. Meno ya pande hizi mbili yakikutana katika kasi inayolingana, liva huingia kwa kusukumwa na vidole tu. Yakikutana katika kasi tofauti, hugongana na kusagana, na chembe za chuma huanza kuelea katika oili.

Tuchukue hesabu ya kawaida. Katika giaboksi ya gia 10, uwiano kati ya gia moja na inayofuata ni kama 1.35. Maana yake ni kwamba ukiwa katika gia ya 6 kwenye mizunguko 1,500 kwa dakika, na lori likabaki na mwendo uleule, gia ya 7 itataka injini izunguke takriban mara 1,100. Ukitaka kurudi kutoka gia ya 7 kwenye 1,100 hadi gia ya 6, injini lazima ipandishwe hadi karibu na 1,500. Katika giaboksi ya gia 16, ambazo kwa hakika ni gia 8 zilizogawanywa nusu kwa nusu, kupanda nusu gia hushusha mizunguko kutoka 1,500 hadi 1,260 hivi, na kupanda gia nzima huishusha hadi karibu na 1,050.

Hakuna anayepiga mahesabu haya barabarani. Kinachotakiwa ni kulijua pengo la lori unaloendesha wewe, na njia ya kulijua ni nyepesi: kwenye kipande kilichonyooka na kisicho na mwinuko, kama kile kilicho kati ya Bahi na Kintinku, tazama geji ya mizunguko kabla ya kubadili gia na mara tu baada ya klachi kuachiwa, ukazikariri namba hizo mbili. Baada ya siku chache sikio litakuwa limeushika mlio wa injini katika kila hali, na macho hayatahitaji tena kuhama barabarani kwenda kwenye dashibodi.

Kabla magurudumu hayajazunguka

Jambo la kwanza ni upepo. Katika malori mengi, kitufe cha kuhamisha gia kutoka fungu la gia nzito (za chini, zenye nguvu) hadi fungu la gia nyepesi (za juu, zenye mwendo) hufanya kazi kwa hewa ileile inayotumika kwenye breki, na hewa isipotosha, fungu linaweza kubaki katikati bila kushika upande wowote. Acha injini ijaze mitungi mpaka alamu inyamaze na mshale wa geji ufike mahali pake pa kawaida. Kuondoka alamu ikiwa bado inalia ni kosa la breki kabla halijawa kosa la gia.

Jambo la pili ni mchoro ulio juu ya kishikio cha liva. Usiubashiri kwa kuwa uliendesha lori jingine wiki iliyopita. Baadhi ya malori yana mpangilio ambao nafasi zilezile za liva hutumika mara mbili, kwanza kwa gia nzito kisha kwa gia nyepesi baada ya kitufe kubadilishwa. Mengine yana mpangilio uliotandazwa, ambao unavuka kwenda gia nyepesi kwa kuipiga liva ubavuni kwa kiganja ili ishinde springi. Nafasi ya rivasi nayo hutofautiana. Zima injini, weka breki ya kuegesha, kanyaga klachi, kisha upitishe mkono katika nafasi zote mpaka mkono wenyewe uzijue.

Kuhusu gia ya kuondokea, lori lililojaa huondoka kwa gia ambayo injini itaweza kulisogeza ikiwa katika mizunguko ya chini kabisa, bila kukanyagiwa mafuta. Tanzania inaruhusu hadi tani 56 za lori, tela na shehena kwa pamoja, na uzito huo ukiondolewa kwa gia nyepesi, tofauti ya mwendo huliwa na sahani ya klachi kwa kuteleza na kupata moto. Lori tupu linaweza kuondoka kwa gia ya 2 au ya 3 bila madhara. Iachie klachi polepole hadi uhisi kichwa cha lori kimejiinua kidogo na kushika, subiri magurudumu yazunguke, ndipo uondoe mguu wote na kuanza kutia mafuta.

Wenye malori ya Kimarekani waangalie jambo moja zaidi. Mwisho kabisa wa pedeli ya klachi kuna breki ndogo inayosimamisha shafti ya giaboksi ili gia ya kwanza au rivasi iingie kimya lori likiwa limesimama. Breki hiyo ni ya kusimama tu. Dereva anayekanyaga klachi mpaka sakafuni lori likiwa mwendoni huizuia shafti ambayo magurudumu yanaitaka izunguke, gia humkataa, na baada ya muda breki hiyo huisha au huvunjika. Ukiwa mwendoni, sentimita chache za mwanzo za pedeli zinatosha.

Kupandisha gia

Katika giaboksi isiyo na ringi, klachi hukanyagwa mara mbili kwa kila gia, na madereva huita kitendo hiki kupiga dabo. Mizunguko ikifika mahali pa kubadilisha, ambapo kwa injini nyingi ni kati ya 1,400 na 1,600 lori likiwa limejaa, achia mafuta na wakati huohuo kanyaga klachi, ukaitoa liva kwenye gia na kuiweka fri. Iachie klachi. Subiri mizunguko ishuke hadi mahali ambapo gia inayofuata inaitaka, kisha kanyaga klachi tena, isukume liva, achia klachi, na urudishe mafuta. Kwa aliyezoea, yote haya huchukua kama sekunde moja na nusu.

Wanaojifunza huuliza kwa nini klachi iachiwe wakati liva iko fri, maana kwa macho inaonekana kuwa kazi ya bure. Si ya bure. Klachi ikiwa imekanyagwa, injini na shafti ya giaboksi zimetengana, na mizunguko ya injini hata ikishuka, shafti inaendelea na mwendo wake. Ni pale klachi inapoachiwa katika fri ndipo injini inapoikamata shafti na kuishusha pamoja nayo. Dereva anayekanyaga klachi mara mbili bila kuiachia kikamilifu katikati amefanya kazi yote na kukosa faida yake.

Mkono nao una adabu yake. Usiikamate liva kwa ngumi. Iweke kiganjani, vidole vikiizunguka bila kubana, na uisogeze mpaka mlango wa gia unayoitaka, hapo uitulize kwa mgandamizo mdogo. Meno yakiwa bado hayalingani, utahisi mtetemo mwembamba ukipanda kwenye kiganja kabla hata mlio haujasikika. Mtetemo huo ukipungua na kukaribia kuisha, gia inajiingiza. Ukiisikia inakwaruza kwa sauti, rudisha liva fri mara moja. Hakuna gia iliyokwaruza ikawa nzuri kwa kusukumwa zaidi.

Gia za mwanzo hazihitaji kufikishwa 1,500. Lori likishaanza kusogea katika barabara tambarare, gia ya 2, ya 3 na ya 4 zinaweza kubadilishwa mapema zaidi, na lori tupu linaweza kuruka gia moja kila mara, mradi pengo la mizunguko lifuatwe. Kunguruma katika kila gia mpaka mwisho kunakula mafuta na hakuongezi mwendo.

Kitufe cha kuhamisha fungu hubadilishwa kabla ya liva kutoka kwenye gia, si baada. Ukiwa katika gia ya mwisho ya fungu la gia nzito, inua kitufe wakati injini bado inavuta. Hakuna kitakachotokea mpaka liva ipite fri, na hapo hewa itahamisha fungu kwa muda unaofaa. Anayekibadilisha liva ikiwa tayari inaingia upande wa pili huyapa meno ya fungu kazi isiyo yake. Kitufe cha nusu gia nacho hutangulizwa: katika giaboksi nyingi za Ulaya nusu hubadilika unapokanyaga klachi, na katika Fuller inatosha kuachia mafuta kwa nukta moja. La hatari kuliko yote ni kurudisha fungu la gia nzito lori likiwa katika mwendo mkubwa. Magurudumu yataizungusha injini kupita uwezo wake, na sahani ya klachi inaweza kupasuka vipande.

Kupunguza gia, na habari ya matuta

Kupandisha gia husaidiwa na hali yenyewe, kwa sababu injini iliyoachiwa mafuta hushuka bila kuambiwa. Kupunguza gia ndiko kunakompima dereva, kwa kuwa mizunguko lazima ipandishwe kwa makusudi. Utaratibu ni huu: mwendo ushuke kwanza, ama kwa breki au kwa mlima, mpaka injini ifike karibu na 1,100. Kanyaga klachi, weka fri, achia klachi, piga mafuta hadi 1,500 au kiasi kinachodaiwa na pengo la lori lako, kanyaga klachi tena, ingiza gia, kisha achia klachi mizunguko ikiwa bado iko juu. Wanaoanza hupiga mafuta kidogo mno na kuchelewa mno, hivyo liva inapofika mlangoni mizunguko imeshashuka tena. Afadhali ipite kidogo, kwa sababu ikizidi itashuka yenyewe na kukutana na gia, lakini ikipungua haitapanda bila mguu.

Katika barabara zetu somo hili hufundishwa zaidi na matuta kuliko na milima. Kutoka Gairo hadi Dodoma, na kutoka Dodoma hadi Singida, vijiji vingi vina kibao cha kilomita 50 kwa saa na matuta, na lori zito linalokwenda kilomita 80 zilizoruhusiwa nje ya makazi linapaswa kushuka hadi mwendo wa mtu anayekimbia, likavuka, kisha lianze upya. Dereva asiyejipanga hufika kwenye tuta akiwa katika gia ya juu, akakanyaga klachi na breki kwa pamoja, akavuka kwa kuteleza bila gia yoyote, halafu akaanza kuitafuta gia upande wa pili huku lori likimfia. Kwa wakati huo wote injini haikumsaidia kupunguza mwendo, na kama mtoto angekatiza, dereva asingekuwa na nguvu ya injini ya kuliondoa lori mahali pale.

Njia sahihi ni kufunga breki mapema hadi mwendo unaoutaka, kisha kuchagua gia moja tu inayoufaa mwendo huo, bila kuzipitia zote zilizo katikati. Ili kufanya hivyo lazima uijue gia ya kila mwendo kwa lori lako. Kwa mfano, lori la gia 10 linalokwenda kilomita 80 kwa saa kwenye mizunguko 1,400 katika gia ya juu kabisa litakwenda kilomita 50 katika gia ya 9 kwenye 1,200 hivi, kilomita 30 katika gia ya 7 kwenye 1,300, na kilomita 15 katika gia ya 5 kwenye 1,200. Utaona kwamba kati ya 30 na 15 kuna mpaka wa fungu la gia nyepesi na fungu la gia nzito. Ndiyo maana giaboksi nyingi hukwaruza hapohapo karibu na tuta: dereva amesahau kushusha kitufe mapema, au amekishusha mwendo ukiwa bado mkubwa.

Magurudumu ya nyuma ya tela yakiwa bado hayajavuka tuta, usipandishe gia. Vuta kwa gia uliyonayo mpaka lori lote pamoja na tela limetulia, ndipo uendelee.

Kupanda Saranda

Baada ya Kintinku barabara inayoelekea Manyoni inaacha sakafu ya Bonde la Ufa na kupanda ukingo wake hapo Saranda. Lori lililojaa linalotoka Dar es Salaam kwenda Rwanda, Burundi au Mwanza kwa kupitia Ukanda wa Kati haliwezi kuukwepa mwinuko huu. Kosa la kawaida ni kuuvamia kwa gia ya juu kwa matumaini kwamba kasi itatosha, kisha kusubiri mpaka injini ianze kutetemeka kwenye mizunguko 900 ndipo gia itafutwe. Wakati huo lori limeshapoteza mwendo, na litapoteza mwingine zaidi katika ile sekunde liva inapokuwa fri.

Sekunde hiyo ndiyo tofauti kubwa kati ya mlima na tambarare. Katika mwinuko lori lililo fri hupungua kasi kwa haraka, hivyo gia ya chini haitadai mizunguko yote iliyokuwa ikiidai katika tambarare; badala ya 1,500 inaweza kukubali kwenye 1,350 au chini ya hapo. Anza kupunguza injini ikiwa 1,200, fanya kwa wepesi, na mwinuko ukiwa mkali shuka gia mbili kwa pamoja badala ya moja. Kupandisha gia mlimani ni kinyume chake: injini italazimika kufikishwa juu zaidi ya kawaida kabla ya kubadili, kwa sababu mizunguko utakayoikuta upande wa pili itakuwa midogo kuliko hesabu ya tambarare, na ikiwa itaangukia chini ya 1,100, basi gia uliyo nayo ndiyo gia ya mlima huo. Kaa nayo. Injini inayovuta mzigo mzito katika mizunguko midogo hupata joto huku pampu ya maji na feni vikizunguka polepole, na mchana wa Oktoba huko Manyoni geji ya joto hupanda upesi sana.

Kuteremka

Hapa ndipo ninapomwomba msomaji atulie, kwa sababu gia iliyokosewa katika mwinuko humgharimu mwenye lori, na iliyokosewa katika mteremko huwagharimu watu maisha yao. Saranda ukirudi kuelekea Kintinku, Sekenke kwa wanaokwenda na kutoka Nzega, Nyang'oro kwa wanaotoka Iringa kuja Mtera na Dodoma: yote ni mahali ambapo lori zito linaweza kumtoka dereva mkononi kwa muda mfupi mno.

Gia ya kuteremkia huchaguliwa lori likiwa bado juu, mahali tambarare, kabla gurudumu la mbele halijaanza kuinama. Madereva wa zamani walikuwa na kanuni ya kuteremka kwa gia ileile ambayo lori lingepandia. Kwa malori ya sasa yenye injini kubwa zinazopanda kwa gia nyepesi kuliko za zamani, ni salama zaidi kushuka gia moja chini ya hiyo. Usione aibu kuteremka kwa kilomita 20 kwa saa ilhali basi linakupigia honi nyuma. Aliye nyuma yako hajui umebeba tani ngapi.

Sababu ya kutobadili gia katikati ya mteremko imo katika kanuni ya mwanzo. Lori likiwekwa fri mteremkoni haliishiwi mwendo kama mlimani, bali linaongeza. Unapiga mafuta hadi 1,500, lakini katika ile sekunde moja magurudumu yameshakwenda mbali zaidi, na gia inataka 1,800. Ukipiga 1,800, inataka 2,100. Baada ya hapo injini haina tena cha kutoa, na lori halina gia. Breki zinabaki peke yake na mzigo wote. Ngoma za breki zikipata moto hutanuka na kujitenga na viatu vya breki, na ngozi za breki zilizochemka hazishiki tena kwa nguvu ileile, hivyo pedeli inashuka zaidi kila mara huku lori likizidi kutotii. Harufu ya kuungua ikishafika ndani ya kibini, muda uliobaki ni mfupi.

Injini hushikilia lori vizuri zaidi ikizunguka kwa kasi. Wakati wa kuvuta tunakaa katika eneo la kijani la geji, lakini katika mteremko, breki ya injini au ya egzosi (zinazotumia injini yenyewe kupunguza mwendo) ikiwa imewashwa, mizunguko 1,800 hadi 2,000 ni mahali pa kawaida kwa injini nyingi, mradi mshale usiguse eneo jekundu. Amua mwendo wa mwisho ambao hutauvuka, tuseme kilomita 30 kwa saa. Lori likifika 30, kanyaga breki kwa uthabiti mpaka lishuke kama kilomita 8 hivi chini ya hapo, kisha achia kabisa ili ngoma zipoe na mitungi ijae hewa, na urudie litakapofika 30 tena. Kuegemeza mguu juu ya breki mteremko mzima huzipikisha, na kuipiga-piga haraka haraka humaliza upepo.

Ipo tabia ya kuteremka fri ili kuokoa mafuta, na wako wenye magari wanaoisifia kwa siri. Ukweli ni kwamba haiokoi. Lori lililo katika gia huku mguu umeondoka kwenye mafuta huzungushwa na magurudumu, na mfumo wa mafuta hukata dizeli. Lori lililo fri lazima lichome dizeli ili injini isizimike. Anayeteremka fri ananunua hatari kwa fedha yake mwenyewe.

Ikitokea gia imekutoka mteremkoni, usitafute gia ya chini uliyokuwa nayo. Tazama mwendo wa sasa, tafuta gia inayolingana nao hata kama ni ya juu, pandisha mizunguko, iingize, na uwashe breki ya injini. Gia ya juu inashikilia kidogo, lakini inashikilia. Ikikataa kwa jaribio la kwanza, achana na liva: kanyaga breki kwa nguvu na mfululizo, breki zingali na ubaridi wake, hadi lori lisimame kabisa pembeni, kisha vuta breki ya kuegesha na utingo aweke vigingi. Subiri ngoma zipoe, halafu uondoke kwa gia nzito.

Mvua ikinyesha na lori likiwa tupu, breki ya egzosi itumike kwa kiasi, maana inashika magurudumu ya kichwa peke yake, na yakiteleza tela husukuma kutoka nyuma na kukunjana na kichwa.

Matope na mchanga

Kuanzia Desemba hadi Aprili udongo wa mbuga wa Bahi hugeuka utelezi, na njia za vumbi za Kondoa na Mvumi huwa na mchanga uliochimbwa na maji. Kanuni ya hapa ni fupi: chagua gia moja kabla ya kuingia, funga difu loki (inayofanya magurudumu ya pande zote mbili yazunguke pamoja) lori likiwa bado limesimama au linakwenda polepole na magurudumu hayajaanza kuteleza, na usibadili gia mpaka utoke. Kila unapokanyaga klachi katika tope, lori linasimama.

Giaboksi inapotoa taarifa

Wapo madereva wazoefu wanaobadili gia bila klachi kabisa, kwa kulinganisha mizunguko tu, na katika giaboksi isiyo na ringi jambo hilo linawezekana bila kukwaruza. Maoni yangu ni kwamba anayejifunza asilianze, na katika giaboksi yenye ringi lisifanywe na yeyote, kwani ringi ndizo zinazolipa.

Gia zikianza kusumbua lori ambalo hapo awali lilikuwa tulivu, mweleze fundi kwa usahihi nini hasa kinakataa, maana maelezo mazuri huokoa kufungua giaboksi bila sababu. Gia zote zikikataa injini ikiwa inanguruma lakini zikaingia kirahisi injini ikizimwa, klachi haiachii sawasawa, na ukaguzi uanzie kwenye pedeli, mafuta ya klachi na silinda zake. Gia moja peke yake ikikwaruza huku nyingine zikiingia vizuri, kuna uwezekano mkubwa kwamba ringi au meno ya gia hiyo yamekwisha. Gia ikiruka kurudi fri yenyewe ukiwa unavuta mlima, lori lisipande mlima mwingine wala kuteremka wowote kabla halijatengenezwa. Na fungu la gia nyepesi likikataa kushika ilhali gia nzito zote ziko sawa, zima injini mahali penye utulivu mitungi ikiwa imejaa, bonyeza kitufe juu na chini, na usikilize karibu na kishikio cha liva na juu ya giaboksi: mara nyingi utasikia hewa ikivuja kwenye paipu ndogo, na kazi itakuwa ya kubadilisha paipu hiyo tu.